Katharine Hepburn na Mto Usio na Watu

Utangulizi

Yapo maswali ya wanafunzi ambayo mwalimu huyajibu papo hapo na kuyasahau, na yapo mengine ambayo humfuata mpaka nyumbani. Swali lililotufanya tuandike makala haya ni la aina ya pili. Jioni moja tulikuwa tumewaonyesha wanafunzi wetu wa ualimu filamu ya The African Queen, yaani Malkia wa Afrika, iliyotoka mwaka 1951. Shabaha yetu ilikuwa kuwaonyesha jinsi mwigizaji hodari anavyomjenga mhusika hatua kwa hatua, jambo ambalo twalihitaji sana tunapofundisha tamthilia. Filamu ilikuwa ndiyo kwanza imeanza. Kanisani mlikuwa mmejaa Waafrika, mmisionari Mwingereza akiwaongoza kwa wimbo na dada yake akipiga kinanda. Mwanafunzi mmoja akauliza gizani, "Mwalimu, watu hawa wanaimba lugha gani?"

Darasa zima likacheka. Sisi tulitega sikio tupate kumjibu, nasi tukashindwa, kwani hapakuwa na lugha yo yote ya kutambua. Watu wale walikuwa wakitoa mvumo tu, kama watu wasio na maneno. Hapo ndipo tulipoona kwamba tumeileta darasani kazi yenye mambo mawili yasiyopatana kwa urahisi: uigizaji wa hali ya juu kabisa wa mwanamke mmoja, na ububu wa watu wote waliomzunguka.

Mwanamke huyo ni Katharine Hepburn, Mmarekani aliyepata tuzo 4 za Oscar za mwigizaji bora wa kike. Mpaka leo hakuna mwigizaji mwingine, mwanamume wala mwanamke, aliyefikia idadi hiyo kwa uigizaji. Katika makala haya tutayatazama maisha yake na kazi yake, kisha tutarudi katika kanisa lile na kwa mwanafunzi wetu. Hatukusudii kumfukizia ubani, wala hatukusudii kumpaka matope. Kazi ya mhakiki ni kupima, na apimaye hana budi kutazama pande zote mbili za mizani.

Alikotoka

Katharine Houghton Hepburn alizaliwa tarehe 12 Mei 1907 katika mji wa Hartford, jimbo la Connecticut. Baba yake alikuwa daktari mpasuaji. Mama yake, aliyeitwa pia Katharine, alikuwa miongoni mwa viongozi wa harakati za kudai haki ya wanawake kupiga kura, na baadaye alishirikiana na Margaret Sanger kupigania uzazi wa mpango. Tukumbuke kwamba haki ya kura kwa wanawake iliingizwa katika katiba ya Marekani mwaka 1920. Kwa hiyo binti huyu alikua katika nyumba ambamo habari za haki za mwanamke zilikuwa mazungumzo ya mezani, wakati ambapo katika nyumba nyingine zilikuwa aibu kutajwa.

Haikuwa nyumba isiyo na msiba. Mwaka 1921, Katharine akiwa bado hajatimiza miaka 14, alimkuta kaka yake mkubwa, Tom, amekufa kwa kitanzi. Wazazi hawakupenda jambo hilo lizungumzwe. Kwa miaka mingi baadaye Katharine aliitaja tarehe ya kuzaliwa ya kaka yake, yaani 8 Novemba, kuwa ndiyo yake mwenyewe. Aliifichua tarehe yake ya kweli katika kitabu cha maisha yake kiitwacho Me, kilichotoka mwaka 1991, alipokuwa na umri wa miaka 84. Hatutaki kufanya kama wahakiki wengine wanaotafuta siri ya kila mchezo katika maisha ya mchezaji. Hata hivyo, mtu aliyeibeba siku ya kuzaliwa ya marehemu kwa muda wa miaka 70 ni mtu aliyejua maana ya kutunza jambo moyoni huku uso ukitulia, na uso wa namna hiyo tunauona mara nyingi katika filamu zake.

Alisoma katika Chuo cha Bryn Mawr, akahitimu mwaka 1928 katika historia na falsafa. Mwaka huo huo aliolewa na Ludlow Ogden Smith, ndoa iliyovunjika mwaka 1934. Akaingia jukwaani. Mwaka 1932 alicheza katika tamthilia ya The Warrior's Husband, ambamo aliteremka ngazi akiwa amebeba paa mabegani, na watu wa sinema wakaanza kumwulizia. Kabla mwaka haujaisha alikuwa amecheza filamu yake ya kwanza, A Bill of Divorcement, chini ya mwongozaji George Cukor. Huyu aliendelea kufanya naye kazi kwa zaidi ya miaka 40.

Kuanguka na kuinuka

Tuzo yake ya kwanza ya Oscar aliipata kwa filamu ya Morning Glory ya mwaka 1933. Mwaka huo huo alicheza kama Jo katika Little Women, na wengi husema kwamba hakuna aliyemcheza Jo vizuri kuliko yeye. Lakini mgema akisifiwa sana tembo hulitia maji. Mwishoni mwa mwaka ule alirudi jukwaani New York katika tamthilia ya The Lake, akashindwa mbele ya kadamnasi. Mwandishi Dorothy Parker anasemekana kumkejeli kwamba hisia zake zote zinaanzia herufi A na kuishia herufi B.

Miaka iliyofuata ilikuwa migumu zaidi. Filamu kadhaa alizocheza hazikuleta watazamaji, hata ile ya Bringing Up Baby ya mwaka 1938, ambayo leo huhesabiwa kuwa miongoni mwa vichekesho bora vya Marekani. Mwaka huo chama kimoja cha wenye majumba ya sinema kilichapisha tangazo lililowataja waigizaji mashuhuri kadhaa kuwa ni sumu mlangoni pa sinema, maana yake, wanalipwa fedha nyingi na hawauzi tiketi. Hepburn alikuwa mmoja wao.

Wahenga walinena kwamba kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi. Jambo alilolifanya Hepburn baada ya tangazo lile linastahili kuelezwa kwa makini, maana ndani yake mna funzo kubwa kuliko tuzo zote. Alijitoa katika mkataba wake na kampuni ya RKO, akarudi kwao Connecticut. Huko mtunzi Philip Barry alimwandikia tamthilia ya The Philadelphia Story, na mwaka 1939 aliicheza New York kwa mafanikio makubwa. Rafiki yake, tajiri Howard Hughes, alikuwa amenunua haki za kuitengenezea filamu tamthilia hiyo, akampa. Kampuni ya MGM ilipoitaka hadithi, iliambiwa kwamba hadithi haiji bila mwigizaji wake, na kwamba yeye ndiye atakayesema nani aongoze na nani wacheze naye. Filamu ikatoka mwaka 1940, ikapendwa mno, na neno "sumu" likasahauliwa.

Tunaposema kwamba Hepburn alikuwa mwanamke huru, watu hufikiri kwanza juu ya suruali zake, kwa kuwa alivaa suruali hadharani katika miaka ambayo wakubwa wa studio waliona jambo hilo kuwa utovu wa adabu. Suruali ni jambo dogo. Uhuru wake wa kweli ulikuwa katika karatasi ile ya haki za filamu. Alielewa kwamba mwigizaji asiyemiliki cho chote katika kazi yake ni kibarua hata akiwa amevaa almasi. Uhuru huo ulikuwa pia wa kusema. Mwezi wa Mei 1947, wakati watu wa sanaa walipoanza kusakwa kwa sababu ya itikadi zao, alisimama mbele ya umati mkubwa mjini Los Angeles akalaani udhibiti wa fikra. Wengi waliokuwa na majina makubwa kama lake walinyamaza.

Mwanamke hodari na mwisho wa hadithi

Tukizitazama filamu zake za miaka ya 1940 kwa jicho la mhakiki, tunakuta mtindo fulani unaojirudia. Mwanamke hodari anaruhusiwa kupaa, ila sharti atue kabla taa za ukumbini hazijawashwa. Katika The Philadelphia Story, mhusika wake, Tracy Lord, anaambiwa na wanaume waliomzunguka, mmoja baada ya mwingine, kwamba yeye ni sanamu lisilo na moyo. Hata baba yake, ambaye ndiye aliyeikosea familia, anamlaumu binti kwa makosa yake mwenyewe, na hadithi inamtaka binti akubali. Katika Woman of the Year ya mwaka 1942, anacheza mwandishi wa habari ajuaye lugha nyingi na siasa za dunia nzima. Hadithi inafungwa jikoni, mwanamke huyo akihangaika na vyombo vya kupikia kifungua kinywa ili mumewe amsamehe. Mwisho huo haukuwa wa awali. Uliandikwa na kupigwa upya baada ya ule wa kwanza kutowaridhisha wakubwa.

Filamu hiyo ndiyo ya kwanza kati ya 9 alizocheza pamoja na Spencer Tracy, mwanamume aliyependana naye kwa zaidi ya miaka 25 ingawa hawakuoana, kwani Tracy alikuwa na mke. Iliyo bora kati ya hizo, kwa maoni yetu, ni Adam's Rib ya mwaka 1949. Humo mume ni mwendesha mashtaka na mke ni wakili wa utetezi katika kesi moja, kesi ya mwanamke aliyempiga risasi mumewe mzinifu. Hoja ya wakili ni nyepesi kusema na nzito kujibu: je, mwanamume akitenda tendo hili hili, mngemhukumu hivi hivi? Mke anashinda mahakamani, na ijapokuwa hadithi inampa mume naye ushindi wake wa nyumbani, swali halifutiki.

Mtu aweza kuuliza, ikiwa hadithi zenyewe zilimkunja mwanamke, sifa ya Hepburn ni ipi? Sifa yake ni kwamba aliukubali mwisho ulioandikwa bila ya kuuacha uyafute yaliyotangulia. Sikilizeni sauti yake, ile sauti kali ya watu wa jimbo lake ambayo wengine waliichukia: hata mhusika anapoomba radhi, sauti hainyongei. Tazameni anavyosimama. Mwili wake ulikuwa wa mtu wa michezo, mwogeleaji na mcheza gofu, na haukujua kujikunyata. Mtazamaji huondoka akiukumbuka ule wima, na jiko amelisahau. Sisi walimu tunajua jambo hili, kwani darasani shairi lile lile likisomwa na wanafunzi wawili, mmoja hulizika na mwingine hulifufua.

Malkia wa Afrika

Sasa tuje kwenye filamu iliyotuletea swali. The African Queen ilitungwa kutokana na riwaya ya C. S. Forester ya mwaka 1935, ikaongozwa na John Huston. Sehemu zake nyingi zilipigwa mwaka 1951 katika Kongo iliyokuwa chini ya Ubelgiji, kwenye mto Ruiki, na hapa Uganda, huko Butiaba kwenye Ziwa Albert na kwenye maporomoko ya Murchison. Sehemu nyingine zilimaliziwa studio huko Uingereza. Kazi ilikuwa ya taabu. Wengi katika kundi lile waliugua kwa kuhara na kwa malaria. Hepburn alikunywa maji kwa bidii, pengine ili kuwakemea kwa vitendo Huston na Humphrey Bogart waliokuwa wakinywa wiski, na maji yale ndiyo yaliyomwangusha. Katika tukio la kanisani alikuwa mgonjwa hasa, na ndoo ilikuwa imewekwa karibu na kinanda mahali ambapo kamera haikuiona. Aliyaandika mambo hayo mwenyewe katika kitabu alichokitoa mwaka 1987.

Hadithi inaanza mwaka 1914, Vita Kuu vilipoanza, katika nchi iliyoitwa Afrika Mashariki ya Kijerumani. Rose Sayer anaishi na kaka yake mmisionari kijijini. Askari wa Kijerumani wanakuja, wanakichoma kijiji na kuwachukua watu. Kaka anapatwa na wazimu, anakufa. Rose anaondoka na Charlie Allnutt, mlevi mwenye mashua chakavu ya mvuke, na ni Rose anayeamua kwamba watateremka mto wote mpaka ziwani, wakaizamishe meli ya Kijerumani kwa mabomu ya kujitengenezea.

Hepburn anamjenga Rose kwa vitu vidogo vidogo. Mwanzoni, wakati wa chai, tumbo la mgeni linanguruma kwa sauti, naye Rose anajifanya hakusikia. Macho yake yanabaki kwenye birika, na adabu yake inageuka kichekesho bila ya yeye kufanya kichekesho cho chote. Huston alieleza kwamba awali aliuona uso wake mkali mno kwa Rose, akamshauri amkumbuke Eleanor Roosevelt, mke wa Rais, alivyokuwa akiwatembelea askari majeruhi hospitalini huku akitabasamu. Hepburn alisema kwamba hakupata kupewa ushauri bora kuliko huo. Tangu hapo Rose anatabasamu katika shida, na tabasamu hilo ndilo linalotuonyesha ushupavu wake.

Kisha yanakuja maji ya kasi ya kwanza. Charlie anatarajia kwamba bibi huyu ataomba warudi. Kamera inatuonyesha uso wa Rose: nywele zimetimka, kinywa wazi, macho yamejaa furaha ambayo yeye mwenyewe haijui jina lake. Katika nukta chache mwanamke wa miaka mingi ya kanisa na kinanda amekuwa nahodha. Baadaye anazimwaga mtoni chupa za pombe za Charlie, moja moja, bila ya kugombana naye. Wanapokwama kwenye matete wakidhani wamefika mwisho, anamwomba Mungu awafungulie milango kwa sauti iliyochoka lakini isiyolalamika. Rafadha ya mashua ilipovunjika, ni yeye aliyesema itengenezwe, na Charlie akaona kwamba kumbe yawezekana. Usione vyaelea, vimeundwa. Na Rose aliundwa na Hepburn kama fundi aundavyo jahazi, ubao kwa ubao.

Bogart alipata Oscar kwa filamu hii. Hepburn alipendekezwa tu, hakushinda. Kwa maoni yetu, hii ni kazi yake iliyo kamili kuliko zote, maana humu mwanamke hodari hatuliwi jikoni. Anakwenda mpaka mwisho wa safari aliyoibuni mwenyewe, na meli inazama. Katika riwaya ya Forester mpango wao unashindwa, mashua inazama katika dhoruba, na wanajeshi wa maji wa Kiingereza ndio wanaoimaliza kazi. Filamu iliurudisha ushindi mikononi mwa Rose.

Mto ule ulikuwa na watu

Hata hivyo, ushindi huo una gharama yake, na gharama hiyo inalipwa na watu ambao filamu haikuwapa majina. Waafrika wanaonekana katika hali tatu tu. Kwanza ni waumini wanaovuma kanisani. Pili ni wanakijiji wanaoswagwa huku nyumba zao zikiungua. Tatu ni askari wanaoifyatulia risasi mashua kutoka ngomeni. Baada ya moto wa kijijini, mto mzima unakuwa mtupu. Hapana mvuvi, hapana mtumbwi, hapana mwanamke ateremkaye mtoni na mtungi. Ili mwanamke mmoja wa Kizungu apate nafasi ya kuwa huru, hadithi ililazimika kuifagia nchi yote.

Historia haikuwa hivyo. Hadithi ile ina mizizi katika mambo yaliyotokea kweli kwenye Ziwa Tanganyika. Meli Graf von Götzen iliundwa Papenburg, Ujerumani, mwaka 1913, ikafunguliwa vipande, ikasafirishwa mpaka Dar es Salaam na kwa reli mpaka Kigoma, ambako iliteremshwa majini mwaka 1915. Waingereza walileta boti mbili ndogo, Mimi na Toutou, majina ya kubembeleza waliyoyaazima kwa Wafaransa, ingawa la kwanza Mswahili hulisikia kwa namna yake. Boti hizo zilitoka Cape Town kwa reli, kisha zikaburutwa milimani Kongo kwa kutumia ng'ombe na nguvu za vibarua wengi wa Kiafrika waliofyeka njia na kujenga madaraja. Mwezi Julai 1916 Wajerumani waliizamisha meli yao wenyewe wakati wa kuondoka Kigoma. Iliopolewa mwaka 1924, na tangu 1927 ilipewa jina la Liemba na kuwachukua abiria wa ziwa lile, kizazi baada ya kizazi.

Tena vita vile viliwachukua mamia ya maelfu ya Waafrika kuwa wapagazi, na makumi ya maelfu walikufa, wengi wao kwa maradhi na njaa. Kila mkazi wa Dar es Salaam anayekwenda sokoni Kariakoo analitamka jina la kikosi cha wapagazi wale, na kadhalika mkazi wa Kariokor mjini Nairobi. Kiswahili chenyewe kilitembea pamoja nao mpaka mahali ambapo hakikuwa kimefika. Na ule wimbo wa kanisani? Kabla ya 1914 wamisionari wengi wa pwani na bara walikuwa wamekwisha kutafsiri, kuchapisha na kuimbisha kwa Kiswahili. Edward Steere alitoa kitabu chake cha kufundishia Kiswahili mwaka 1870. Kwa hiyo watengenezaji wa filamu hawakukosa lugha ya kuwapa watu wale. Hawakuona haja ya kuitafuta.

Sisi wa Uganda jambo hili latugusa mahali panapouma. Kwa muda mrefu Kiswahili kimeitwa hapa lugha ya askari, na walimu wenzetu wengi wamekutana na wazazi waliokikataa kwa sababu hiyo. Filamu ambayo Mwafrika wake ni ama askari ama mtu asiye na neno yaikaza dhana ile ile tunayohangaika kuivunja darasani.

Je, lawama hizi ni za Hepburn? Yeye hakuiandika hadithi wala hakuiongoza. Lakini hatuwezi kumwosha kabisa. Mwaka 1944 alikubali kucheza mwanamke wa Kichina katika Dragon Seed, akiwa amechorwa macho. Tunaiona kazi hiyo kuwa dhaifu, kwani ustadi haukuweza kuificha dharau iliyokuwa ndani ya rangi ya usoni. Mwaka 1967, katika Guess Who's Coming to Dinner, alicheza mama ambaye binti yake Mzungu anataka kuolewa na daktari Mweusi, Sidney Poitier. Ilikuwa filamu ya ujasiri. Mahakama Kuu ya Marekani ilibatilisha sheria zilizokataza ndoa za namna hiyo mwezi Juni mwaka huo huo, baada ya filamu kwisha kupigwa. Tracy alikuwa mgonjwa, akafa siku 17 baada ya kumaliza kazi. Anapotoa hotuba ya mwisho juu ya mapenzi, machozi yanayoonekana machoni mwa Hepburn hayahitaji maelezo. Kwa kazi hiyo alipata Oscar ya pili. Lakini tazameni mwisho wake: baada ya hotuba ya usawa, baba mwenye nyumba anamgeukia mtumishi Mweusi na kudai chakula. Hata humo, usawa uliishia mlango wa jikoni.

Uzee na tuzo

Waigizaji wengi wa kike huachwa na kamera wafikapo makamo. Hepburn alizipata tuzo tatu kati ya nne baada ya kuvuka umri wa miaka 60. Mwaka 1968 alimcheza malkia Eleanor wa Aquitaine katika The Lion in Winter, na tuzo ikagawanywa kati yake na Barbra Streisand kwa kuwa kura zilikuwa sawa. Mwaka 1981, pamoja na Henry Fonda, alicheza On Golden Pond, hadithi ya wazee wawili kando ya ziwa. Kichwa chake kilikuwa kikitikisika kwa maradhi ya kutetemeka. Hakukificha, na mtikisiko ule ukawa sehemu ya mhusika. Hakuhudhuria sherehe hata mara moja kupokea tuzo yake. Alifariki tarehe 29 Juni 2003 nyumbani kwake Fenwick, Connecticut, akiwa na miaka 96.

Hitimisho

Wapo walimu watakaotuambia kwamba filamu yenye dosari kama hizi isionyeshwe shuleni. Hatukubaliani nao. Tukiificha, wanafunzi wataiona mahali pengine, peke yao, bila ya mtu wa kumwuliza swali. Wapo wengine watakaosema tutazame uigizaji tu na kuyaacha hayo mengine, kwani sanaa ni sanaa. Na hao pia hatukubaliani nao. Fani na maudhui huja katika chombo kimoja, na anayekunywa hunywa vyote.

Sisi tulirudi darasani wiki iliyofuata, tukaonyesha tena dakika zile za mwanzo, safari hii bila ya sauti. Tukawataka wanafunzi wawaandikie waumini wale maneno: nani yuko kanisani asubuhi ile, amelala na njaa au ameshiba, anamfikiriaje mgeni anayepiga kinanda, anasikia habari gani za vita. Walituletea kazi nzuri kuliko tulivyotazamia. Mwanafunzi yule aliyeuliza swali alimwandikia mwanamke aliyeketi safu ya nyuma. Katika maandishi yake mwanamke huyo anamtazama Rose Sayer, anaona jinsi jasho linavyomtiririka ndani ya nguo yake ya shingo ndefu, anamwonea huruma, na anajiuliza ni nani aliyemwambia avae hivyo kwenye joto hili.

Tuliposoma hayo tulifurahi kwa sababu mbili. Mwanafunzi alikuwa ameliziba pengo lililoachwa na watengenezaji wa filamu. Tena alikuwa amemwona Hepburn sawasawa, maana jasho lile na shingo ile ya nguo ndivyo vitu ambavyo mwigizaji alivitumia kutuonyesha kifungo cha Rose kabla mto haujamfungua. Basi walimu wenzetu, tuwaonyeshe wanafunzi kazi za mabingwa kama huyu, na taa zikiwashwa tuwape kalamu.